Kahawa Mbivu Machoni pa Baba

Baba alisifika kwa macho makali. Akiwa amekaa barazani kwetu Lupepo, aliweza kukutajia ng'ombe wa nani yuko kwenye migomba ya nani, ng'ambo ya bonde. Kwa hiyo tulipoanza kuchuma kahawa ya shamba la kijiji cha ujamaa, kazi ambayo baba hakuwahi kuifanya, na msimamizi akamwaga kikapu chake mbele ya watu na kusema, "Mzee, nusu ni mbichi, hii ni hujuma," damu ilinichemka. Kisha nikatazama chini. Zilikuwa mbichi kweli.

Nyumbani baba aliweka matunda mawili ya kahawa kiganjani.

"Langi ni moja," alisema kwa lafudhi ya kwetu.

"Hili jekundu, taata. Hili kijani."

"Mnanifanyia mzaha?"

Mama naye akasema kama mimi. Baba akatutazama mmoja mmoja, akauliza swali ambalo mpaka leo sijalijibu: nani kasema ninyi wawili ndio mnaoona sawa? Nilikuwa nimemaliza darasa la saba, najiona msomi. Mama hakuwa na muda wa mabishano. Alimshika vidole akamminyisha: bivu likabonyea, bichi likakataa. Hapo tukakubaliana sote watatu. Tangu siku hiyo alichuma kwa kubonyeza, polepole, na msimamizi akanyamaza.

Lakini amani ilikuwa imemtoka. Alikaa akikodolea macho udongo, majani, hata kuku. "Miaka yote hii nimekuwa naona nini?" Nilimwonea huruma mpaka chakula kikanishinda.

Jumapili moja mama alikuwa akijifunga kitenge chake cha kanisani. Baba akaniita "mama", maana nimerithi jina la mama yake.

"Kuanzia leo macho yangu ni wewe. Kitenge hicho nilikifuata Tukuyu kwa miguu, siku za uchumba. Nilimwambia mwenye duka anipe chekundu. Alinipa chekundu?"

Mikono ya mama ilisimama kwenye fundo. Kitenge kilikuwa cha rangi ya matope, na hakijawahi kuwa na rangi nyingine.

"Chekundu, taata," nilisema.

Baba akacheka, mara ya kwanza tangu msimu uanze.

"Basi hicho," akasema, "nilikiona sawasawa."