Yudita na Diski ya Kwaya

Jumamosi, tarehe 15 Machi 2014. Asubuhi manyunyu, mchana jua la kuchoma mgongo.

Saa nane Semahoro, kiongozi wa kwaya, aliingia katika kibanda cha ufundi cha Yudita pale kijijini Misiera, kompyuta ya kwaya kwapani. Fundi mmoja wa Mbarara alikuwa ameivuruga. Haikuwaka, wala nyimbo hazikuonekana. Kesho yake kwaya ilitakiwa kuimba Ruharo, na huwa wanaimba wakifuata sauti iliyorekodiwa. Bila hiyo wangesimama kama miti.

Misiera nzima ilijua kwamba flashi ya kufufua diski anayo Yudita peke yake. Ilijua pia kwamba miaka miwili nyuma, alipoolewa na Mkatoliki, kanisa lilimweka chini ya nidhamu miezi sita. Miezi ikaisha, akarudi mazoezini, Semahoro akamzuia mlangoni, orodha ya waimbaji mkononi: "Hatukukufukuza, dada. Hauko tu mu liste." Wiki ileile wimbo ambao Yudita alimtungia marehemu mama yake ukarekodiwa upya kwa sauti ya mpwa wa Semahoro. Tangu hapo Yudita alisubiri, na subira yake haikuwa ile ya kuvuta heri.

Akachomeka flashi, mashine ikawaka kutoka humo bila kuigusa diski. Alimweleza Semahoro kwamba diski ni shamba lililokatwa viwanja, na fundi ameharibu orodha ya mipaka tu. Baada ya saa nzima ya kutafuta, vilitokea viwanja viwili vilivyoingiliana ukingoni: kipya, chenye sauti ya mpwa, na cha zamani, chenye sauti yake. Orodha ingepokea kimoja tu.

Akaandika cha zamani kwenye orodha. Mipaka ya kile kingine akainakili daftarini mwake, akalifunga.

Semahoro aliposikia ni sauti ya nani, aliuliza taratibu, "Na zile nyimbo za sasa?"

"Sikuzifuta, Baba. Ziko fasi yake. Haziko tu mu liste."

Semahoro akatoa mfukoni karatasi ya wasafiri, akaongeza jina la Yudita kwa herufi kubwa. Yudita akalisoma, akamkabidhi mashine, akamtakia safari njema.

Kesho yake asubuhi lori lilisimama barabarani, Semahoro akaita majina. La Yudita aliliita mara tatu, kwaya nzima ikisikia. Yudita naye alisikia, hatua hamsini chini ya barabara, akipalilia maharage siku ya Jumapili. Hakuinua mgongo.