Jumatano za Mama

Miaka ile mitumba ilipoanza kujaa Arusha, viwanda vya nguo vilipunguza watu. Mmoja wa waliopunguzwa, mwanamke wa makamo, alipanga chumba kijijini Akheri, kule mlimani, jirani na nyumbani kwetu. Alikuja na kitanda cha kufumia alichokiunda mwenyewe. Watu walisema anafuma ndoto: unamsimulia uliyoota, anakufumia kitambaa, na ukijifunika unaiota tena kuanzia ilipoishia.

Mimi nilikuwa nauza mitumba mjini, na kazi hiyo ilinizoesha kugeuza kila vazi ndani nje kabla ya kumwamini mtu. Niliposikia kwamba mama yangu, mjane, anakwenda kwa mfumaji huyo, nikaanza kupanda nyumbani kila wiki.

Nikagundua kwamba mama hana Jumatano. Nikimuuliza habari za soko la Tengeru la siku hiyo, ananisimulia ya Jumanne, kisha anarukia ya Alhamisi. Jirani akaniambia, "Tunamkuta kwenye kigoda, kajifunika kitambaa, macho wazi, hasemi. Alhamisi anaamka kama kawaida, anakwenda shambani."

Nikamfuata mfumaji. Sikumpa hata shikamoo.

"Umemfanya nini mama yangu?"

"Kitambaa kina mtande, nyuzi za urefu, na mshindio, nyuzi za kukatiza," alisema bila kusimamisha mikono. "Mshindio ni ndoto. Mtande ni siku za mwenyewe. Mama yako alichagua kutoa Jumatano."

"Na wewe unapata nini?"

"Ananiletea ndizi."

Jibu hilo lilinitia shaka zaidi. Nani alifanya kazi kwa ndizi, wakati ule kila mtu alipokuwa akihangaikia biashara? Nilijua mfumaji anatamani kihamba chetu, shamba la kahawa la ukoo. Nikamuuliza mama kama ametia dole gumba kwenye karatasi yoyote. Akacheka, akasema hapana. Sikumwamini hata yeye.

Jumapili moja, mama akiwa kanisani, nilifungua sanduku lake. Kitambaa kilikuwa cheupe, chepesi, na kilikuwa na joto kama shuka iliyotoka kulaliwa. Nikachukua sindano, nikaanza kukifumua ukingoni. Nilifumua hadi nikabaki na furushi la nyuzi mapajani, nikalitia motoni jikoni.

Jumatano iliyofuata mama alikwenda sokoni. Alirudi na chumvi na dagaa, akapika loshoro ya mahindi na maziwa mgando, tukakaa kula. Nilijiona nimemwokoa.

"Kabla hujakifumua," akaniuliza, mkononi ana uzi mweupe aliouokota jikoni, "ulimwona uso?"

"Nani, mama?"

"Mdogo wako."

Mdogo wangu wa kike alifariki kwa surua akiwa na miaka mitatu. Mama akanieleza taratibu, kama anayesimulia habari za mtoto aliye shule ya bweni. Ndani ya ndoto ile alikuwa anakua. Kila Jumatano alirefuka kidogo. Alijua kusoma. Alikuwa mbishi, hapendi kuosha vyombo. Juzi juzi alikuwa amesukwa nywele kwa ajili ya kipaimara.

"Nilikuwa namshonea gauni," mama akasema. "Nilitaka nimwone analivaa, basi."

Niliacha chakula sahanini. Niliondoka mbio hadi kwa mfumaji, na safari hii nilimwamkia kwa heshima zote. Nikamwomba afume upya, kwa siku zangu mimi.

"Siku zako haziwezi kubeba ndoto yake," akanijibu. "Na zile alizotoa zimesharudi. Akitaka, aje mwenyewe atoe nyingine."

Nilirudi nikamweleza mama. Alikuwa akimenya ndizi. Akaendelea kumenya mpaka akamaliza mkungu.

"Nikianza upya atakuwa wa miaka mitatu," akasema. "Mimi nimezeeka, mwanangu. Sina Jumatano za kumlea mara ya pili."

Hakunigombeza, siku ile wala baadaye. Ila tangu hapo alikifunga chumba chake kwa kufuli, hata akienda kuchota maji tu, na nilipokuja kumsalimia alinikaribisha sebuleni, akaniwekea kiti cha wageni.