Mama Breki kwenye Lango la Kiwanda

Ofisini walimwita Mama Breki, na jina hilo alilipenda kuliko lile la kwenye kitambulisho. Kazi yake ilikuwa kuwarudisha watu waliokwenda kuichokoza jana. Ofisi ya Kuzuia Vitanzi ilikuwa ghorofani, juu ya duka la viatu, na wateja wa chini walidhani wale wa juu ni watu wa bima. Kitanzi, kwa lugha ya pale, ni mtu kurudi nyuma ya wakati na kuharibu jambo lile lile lililomfanya arudi. Likishatokea hilo, dunia haijui iende mbele au irudi nyuma.

Hapakuwa na mrudishaji kama yeye, na hakuona haya kulisema. Aliwahi kumnasa bwana mmoja aliyekwenda kujizuia asioe, akamrudisha kwa mkewe kabla chai haijapoa. Wafanyakazi wapya wote walipita mikononi mwake, na sheria aliyowakazia ilikuwa moja: huko nyuma usimsalimie mtu. Waliicheka, kisha iliwashinda. Mtu aliyelelewa akaleleka hawezi kumpita mkubwa wake kimya kimya. Akisalimia ataulizwa habari za nyumbani, kisha ataulizwa ni mtoto wa nani, na hapo ndipo mambo huharibika.

Asubuhi moja alikuta taa ya chumba cha safari inawaka na fundi wa mtambo wa kurudi nyuma hayupo. Fundi huyo alikuwa mdogo wake wa tumbo moja, na Mama Breki ndiye aliyemwombea kazi. Hakuhitaji kuambiwa amekwenda wapi. Mama yao alikufa kwa mapafu, yaliyoliwa na vumbi la pamba kiwandani, na tangu mazishi kijana alikuwa na wimbo mmoja tu: laiti mama asingeingia mle. Alijisahaulisha kwamba ni mle mle, kwenye mashine za kusokota nyuzi, mama alikutana na baba yao. Mama asipoingia, wao hawazaliwi. Wasipozaliwa, nani atakwenda kumzuia?

Mkuu wa ofisi alitaka kutuma wanaume wawili. Mama Breki akamwambia huyo ni wake, akajifunga kibwebwe, akaingia chumba cha safari.

Aliwakuta nje ya lango la kiwanda. Mdogo wake alikuwa akimbembeleza msichana mwembamba, kontena la chakula mkononi, aliyekuja kuanza kazi siku hiyo. Mama Breki alikuwa amejiandaa kwa kila kitu, isipokuwa kumwona mama yake akiwa mdogo kuliko yeye. Msichana alipoona mtu mzima anakuja, aliinama kidogo.

"Shikamoo, mama."

"Marahaba, mwanangu."

Lilimtoka kabla hajaung'ata ulimi, yeye mwalimu wa ofisi nzima. Na msichana, kwa kupata mkubwa wa kumsikiliza, akamwaga yote. Kaka huyu hamjui, wala hajawahi kumwona, lakini amemsimamisha anamwambia asiingie.

"Eti vumbi la humo litaniua," alisema. "Wewe mtu mzima, niambie ukweli."

Ilitosha kusema kijana anadanganya, kazi ikaisha. Mama Breki alimtazama mama yake usoni na hakuweza. Alitamani amshike mkono aondoke naye, wapotee wote watatu, liwalo na liwe. Hapo breki zikakatika.

"Ni kweli," alisema. "Lakini si leo wala kesho."

"Na kabla ya hapo?"

"Kabla ya hapo utaishi. Humo ndani utampata mume anayekuchekesha. Mtazaa wawili, wakaidi kweli kweli. Usipoingia, hao hawapo."

Msichana alimtazama mwanamke yule, akamtazama kijana, akarudi kwa mwanamke, taratibu, kama anayelinganisha vitambaa. King'ora cha kiwanda kililia na wafanyakazi wakaanza kusukumana langoni.

"Wataishi vizuri?" aliuliza.

"Vizuri sana," alijibu Mama Breki, na hilo alilisema bila kutetemeka, kwa sababu lilikuwa kweli.

Msichana alimkaribia kijana aliyekuwa akilia waziwazi. Akamnyoosha ukosi wa shati, akamfuta shavu kwa kiganja, akamwambia aache kulia, mwanamume mzima. Kisha akalishika vizuri kontena lake na kuingia langoni, na hakugeuka.

Ndugu wawili walibaki pale mpaka lango likafungwa.

"Dada," kijana alisema, "kumbe miaka yote ile mama alikuwa anajua."

"Alikuwa anajua," alisema Mama Breki, akamshika mkono wakarudi.