Lushembe Inashuka

Nakumbuka siku tisa ambazo swali moja lilininyima usingizi: nikisema ni mimi, watanifanya nini, na nikinyamaza, nani atakuja kujua? Nililigeuza swali hilo kama mtu anayegeuza shati lililotoboka, akitafuta upande wa kuvaa usioonyesha tundu.

Mwanangu, usicheke nikikuita hivyo. Sijafika miaka thelathini, na diplome yangu ya chuo kikuu bado imelala ndani ya bahasha. Lakini kwetu mtoto wa kaka ni mtoto wako, na kaka zangu wamenipa watoto saba. Nawaambia ninyi kwanza, kisha yeyote atakayesikia.

Lushembe ni kijiji chetu cha asili, mlimani juu ya Luvungi, mji mdogo wa soko tambarareni. Ni nyumba chache, kanisa moja la mabati, mashamba ya maharage na mihogo. Mimi nilizaliwa mjini Uvira, kando ya ziwa, mtaa wa Kasenga. Lushembe nilikwenda wakati wa misiba tu. Nilipomaliza masomo na kazi isipatikane, niliingia katika mchezo wa vita wa kwenye simu, ule ambao vikosi hushindana kupitia intaneti. Nilikuwa hodari, sitaficha. Kila mchezaji hujichagulia jina. Wenzangu walijiita Simba, Radi, Mfalme. Mimi nikajiita Lushembe, kwa mapenzi, na kidogo kwa majivuno, maana nilijua hakuna mchezaji mwingine mwenye jina hilo. Sikumwomba mtu ruhusa. Ningemwomba nani? Nilidhani jina la kijiji ni kama maji ya ziwa, kila mtu achote.

Jina likakua. Tulishinda vikosi vya Bukavu, vya Goma, hata vya Bujumbura. Aliyeandika Lushembe kwenye intaneti alinikuta mimi. Kijiji chenyewe hakikuwepo kabisa. Wakati ule jambo hilo lilinifurahisha. Leo linanitia haya.

Katika mchezo ule, mechi huanza kwa wachezaji kuruka kutoka kwenye ndege. Kuruka huko tunakuita kushuka. Jumamosi moja, mwanzoni mwa fainali, nilipaza sauti kwenye mikro ya simu: "Lushembe inashuka. Mufunge milango, leo hatuachi muntu." Wenzangu wakacheka, nami nikacheka nao. Mmoja wao akaikata ile sauti peke yake, bila picha, akaituma kwenye kundi la mashabiki wetu.

Sasa sikiliza. Kwa watu wa tambarare ya Ruzizi, mto wa mpaka wetu na Burundi, ukisema kijiji cha mlimani kinashuka, hawafikirii wanawake wenye makapu ya maharage. Wanafikiria bunduki. Ndilo neno ambalo wazazi wao walilisikia kabla ya kukimbia na magodoro kichwani. Sauti yangu ikahama kutoka simu hadi simu, na kila ilipofika ilipoteza kidogo ya mchezo wake, mpaka likabaki tishio peke yake.

Niliisikia mwenyewe Jumatatu, palepale Kasenga, kwa fundi anayechaji simu. Mama mmoja alikuwa akiwasikilizisha wenzake.

"Sikiya, bale ba Lushembe banasema batashuka."

"Siku gani?"

"Hajasema siku. Lakini anacheka. Muntu wa kucheka hivyo, ameshavuta bangi."

Nilichukua simu yangu kabla haijajaa, nikaondoka.

Hapo ndipo nilipofanya kosa la pili, nalo ndilo kubwa. La kwanza lilikuwa la ulimi, na wahenga walishasema heri kujikwaa dole kuliko kujikwaa ulimi. La pili lilikuwa la kufikiri mno. Niliandika ujumbe wa kueleza, nikaufuta. Nikaandika mwingine mrefu, wenye utangulizi na hitimisho, nikaufuta pia. Je, wakisema mimi ni msemaji wa wenye silaha? Je, wakija nyumbani kwa mama? Je, nikieleza, si ndiyo nitaieneza zaidi? Kila sababu ilikuwa nzuri. Mwanangu, jihadhari na mtu mwenye sababu nyingi nzuri za kukaa kimya.

Siku ya tisa akaja shangazi yangu Nabintu, dada ya baba, aliyeolewa hukohuko Lushembe. Alikuja kwa kuzunguka porini, na kapu la maharage ambayo hayakuuzwa. Vijana wa tambarare walikuwa wameweka mti njiani: hakuna mtu wa Lushembe kushuka sokoni.

"Na Mama Esperansi?" nikauliza. Huyo alikuwa rafiki yake wa tambarareni, mzungumzaji wa Kirundi, aliyemtunzia mizigo kila siku ya soko tangu kabla sijazaliwa. Walisimamiana hata watoto kwenye ubatizo.

"Amevuka Ruzizi na batoto. Ameogopa. Alifunga mulango, hata kuniaga hakuniaga."

Ndipo nikamwambia. "Shangazi, ile sauti ni yangu. Ni mchezo wa simu."

Aliniangalia kama anayetafuta mdudu ndani ya haragwe.

"Muchezo."

"Ndiyo."

"Na weye ndiyo Lushembe."

"Ni jina tu, shangazi."

"Minye nimezaa kule batoto sita, nimezika babili. Siku moja sijajiita Lushembe. Weye unakuja kula ku matanga, ndiyo unajiita kijiji kizima?"

Akauliza nilijua lini kwamba sauti imeenea. Nikamjibu, tangu Jumatatu ya wiki iliyopita. Akahesabu kwa vidole, taratibu.

"Esperansi amevuka Jumapili," akasema. "Ungesema hata Jumamosi, angekuwa kwake."

Kisha akaomba maji ya kunywa. Afadhali angenigombeza.

Asubuhi iliyofuata nilianza tena kupanga maneno. Shangazi alikuwa ameshapanda moto, ile pikipiki ya abiria, ananingoja. Tulipofika kwenye ule mti nilisema kabla ya kuulizwa: aliyesema maneno yale ni mimi. Nikawaonyesha mechi yenyewe pamoja na picha zake, ile ndege, wale watu wa kuchorwa wakiruka. Mzee mmoja alitazama mara mbili.

"Hii ni ya batoto?"

"Ndiyo, baba."

"Na weye iko na miaka ngapi?"

Watu wakacheka. Kijana mmoja hakucheka. Alinipiga kofi, nikalipokea. Jina lile nililifuta palepale wakiangalia, na mti wakauondoa kabla jua halijawa kali. Mlango wa Mama Esperansi tuliukuta na kufuli. Tangu hapo nimevuka Ruzizi mara tatu kumtafuta. Shangazi hajawahi kuniuliza kama nimempata.

Nasaha yangu, mwanangu, ni hii. Jina la mahali lina wenyewe, walio hai na waliozikwa. Ukilibeba, usiseme kwa jina hilo neno ambalo usingethubutu kulisema sokoni mbele yao. Na ukikosea, sema ungali unaogopa. Usingoje woga uishe, kwa sababu haupungui kwa kufikiriwa, na siku unazofikiria wewe kuna mtu anafunga mizigo.

Mungu akupe ulimi mzito wa kujisifu na mwepesi wa kukiri. Akupe majirani wanaokuacha mlango wazi. Na akikukutanisha ng'ambo ya mto na mama aitwaye Esperansi, aliyekaa karibu na soko la Luvungi, mwambie siku hiyohiyo kwamba hakuna aliyekuwa anashuka.