Ndama wa Mama katika Filamu ya Mkorea

Mkorea yule sijamwona hata kwa picha, lakini kazi yake naijua kuliko ninavyoijua kazi ya shemeji yangu. Filamu zake tulizitazama Kashebere, alasiri za siku ya soko, katika chumba cha video chenye mabenchi ya mbao. Mfasiri alisimama kando ya televisheni na maikrofoni yake, akigeuza maneno ya waigizaji kuwa Kiswahili chetu. Kabla ya kila filamu alitusimulia habari za huyo mtu: miaka mingi aliandika tu, wengine wakaongoza na kupigiwa makofi; kisha akashika kamera mwenyewe, filamu ya kwanza ikadoda, akarudi kuandika, akajaribu tena. Mimi, muuza maziwa niliyetoka Burungu kuja kuolewa huku, habari hizo zilinikosesha raha. Nikanunua daftari, nikaanza kuandika filamu yangu.

Niliandika kisa cha mama. Kwetu, ng'ombe wa mahari akizaa, ndama mmoja hurudi kwa binti aliyeolewa. Wa mama, babu alimuuza kimyakimya, akadai amekufa. Mama alijua, akamfichia baba yake aibu hiyo miaka yote, akaniambia mimi peke yangu siku nilipojifungua. Daftari nilimpa mfasiri, maana yeye ndiye aliyejua sinema.

"Dada, iko muzuri sana," alisema. "Uniachie kwanza."

Wiki zikapita. Kila nikiuliza, bado anasoma.

Mama alipokuja kunitembelea, nikampeleka kuona filamu mpya ya Mkorea wangu. Kwenye filamu, bibi mmoja alisimama mbele ya lango la baba yake. Mfasiri akaanza: "Papa, ndama yangu iko wapi? Ulisema alikufa, na mimi nilimuona ku soko, na baka yake nyeupe ku paji!"

Maneno yangu, mpaka lile baka. Yule bibi alitamka neno moja tu la Kikorea. Kiswahili kikaenda dakika nzima. Watu walilia.

"Kumbe Bakoreya nabo banarudishaka ndama!" alisema papa mmoja nyuma yetu, na benchi zima likamsifu mwandishi wa Korea kwa kujua maisha ya watu.

Nilimwamini mfasiri kama ndugu wa tumbo moja, naye amenivua nguo mbele ya soko zima. Nilisimama, nikapaza sauti kwamba maneno yale ni yangu. Wakaangua kicheko.

"Mama ya maziwa, ni wewe ulifundisha Mukoreya kuandika?"

Mfasiri hakunitazama. Bibi wa kwenye filamu alikuwa amenyamaza, yeye akaendelea kufasiri.

Nikakaa, nikamgeukia mama, angalau yeye anitetee. Alikuwa amejifunika kitenge mpaka mdomoni.

"Ule Mukoreya," aliniuliza polepole, "nani alimuambia? Mi niliambiaka wewe tu."