Nilisema "Aliolewa"

Nimekosa, jamani, na hakuna aliyenishika mkono kunikosesha. Nawaambia nyinyi kwa sababu hamnijui.

Enzi za mashamba makubwa ya karanga hapa Nachingwea nilikuwa kijana, najiona kwelikweli na Kiswahili changu cha shule. Akaja Mzungu mmoja, Mcheki, mpiga filamu. Kwao alitengeneza filamu za vita, za vijiji vilivyochomwa, mambo ambayo wakubwa hawakutaka yasemwe, mpaka wakamfukuza. Huku alitaka habari za njaa iliyofuata Majimaji. Akanichukua nimfasirie Kimwera.

Kijijini Chinongwe tukamkuta bikizee mmoja, mjane asiye na mtoto. Akasimulia kwamba njaa ilipowabana, baba yao alimtoa mdogo wake wa kike kwa mtu wa Mbwemkuru, akapewa kikapu cha mtama. Akataja jina la mdogo wake, na la yule mtu.

Majina yale nayajua. Ni bibi na babu yangu, waliomzaa mama! Nyumbani tuliambiwa bibi alitolewa mahari.

"Mjukuu," akaniambia, "mwambie Mzungu alitaje jina la mdogo wangu. Kama alizaa, watoto wajue wana ukoo huku."

Kwetu ukoo unafuata mama. Yaani alikuwa ananitafuta mimi, nami nimekaa mbele yake!

Mcheki akauliza amesema nini. Nikawaza vijana wenzangu wa kambi ya karanga watakavyoniita kizazi cha mtumwa. Nikajibu, "Mdogo wake aliolewa mbali." Jina nikalimeza.

Filamu ilipoonyeshwa uwanjani Nachingwea, maelezo ya Kiswahili nilikuwa nimeyasoma mimi. Bikizee akaletwa kwa lori. Sauti yangu iliposema "akaolewa", wanawake wakapiga vigelegele. Loo, aibu gani ile!

Kiswahili hakikumwingia vizuri. Akaniuliza wanashangilia nini. Nikamwambia wamefurahi kulisikia jina la mdogo wake. Akalia, akanishukuru. Mpaka leo shukrani ile inanichoma.

Masika yaliyofuata akafariki. Makaburini ikaulizwa, nani ndugu yake wa damu ashuke kumpokea? Akashuka jirani. Mimi nilisimama pembeni na jembe langu, nafukia na wageni.

Mcheki aliondoka na filamu yake akiamini amebeba kweli. Wenzangu, ukipewa neno la mtu ulifikishe, lifikishe kama lilivyo, hata likikuumbua.

Bibi yangu aliitwa Somoe. Hakuolewa. Alitolewa kwa kikapu cha mtama.