Karatasi Iliyosainiwa Siku ya Maziko

Siku yangu ya kwanza kazini Bariadi nilifika saa moja kasorobo, nikakuta ofisi ya bima imefungwa, nikaogopa kuonekana nimewahi kupita kiasi. Nikazunguka soko mara mbili nikipanga namna ya kusalimia. Niliporudi ilikuwa saa mbili na dakika tano. Nilikuwa nimechelewa.

Afisa Madai Mkuu, mama wa Maswa aliyebakiza mwaka mmoja astaafu, alitazama viatu vyangu vilivyojaa vumbi. "Msomi, umelala mjini au umetembea kutoka kijijini Lingeka?"

Kazi yetu ilikuwa kushughulikia madai ya bima ya mtu wa tatu. Hiyo ndiyo bima ambayo kila chombo cha moto lazima kiwe nayo, na inamlinda yule aliyegongwa zaidi ya mwenye gari. Mtu akifariki, familia huleta ripoti ya polisi, mchoro wa eneo la ajali, cheti cha kifo na hukumu ya kesi ya dereva. Huleta pia barua ya mahakama inayomtaja msimamizi wa mirathi, yaani mtu anayeruhusiwa kudai kwa niaba ya warithi wote. Nilijifunza kuzipanga kwa mfuatano huo, nikitoboa matundu mawili na kufunga kwa uzi.

Mwezi wangu wa tatu kazini nilikabidhiwa faili kutoka Mkula. Lori la pamba lililokatiwa bima kwetu lilimgonga mkulima aliyekuwa akikokota baiskeli pembeni mwa barabara. Dereva alitiwa hatiani. Aliyedai ni mjane, Minza, mwenye watoto watano. Lakini ndani ya faili mwenye lori alikuwa ameweka karatasi iliyoandikwa kwa mkono: familia imepokea ng'ombe mmoja na gunia la mchele, imesamehe, haina madai tena. Chini kulikuwa na dole gumba la Masunga, kaka wa marehemu.

Meneja wa Tawi aliandika juu ya jalada: Lifungwe. Mimi nikapewa kuandika barua ya kukataa. Niliiandika mara tano, kila mara nikibadili salamu ya mwisho, kwa sababu sikujua mtu anamuagaje mjane.

Afisa Madai Mkuu aliikuta rasimu ya tano. "Faili umelisoma mara ngapi?"

"Mara nne, mama."

"Na wenyewe umewaona mara ngapi?"

Nikaikunja rasimu.

"Kesho panda gari uende Mkula. Na viatu usipige rangi."

Masunga alinipokea akiwa anafunga ndama. Nilimwamkia kwa Kisukuma, "Mwangaluka," kwa lafudhi iliyomchekesha, kisha nikamwonyesha nakala ya karatasi. Akaigeuza, akanirudishia.

"Mwanangu, ng'ombe alikuja kuzika. Watu walikuwa wamejaa hapa, hawajala. Ungemrudisha njiani?"

"Lakini uliweka dole, baba."

"Waliniambia ni ya kupokelea ng'ombe. Ningemkataa, ingekuwa nimetangaza ugomvi mbele ya jeneza la mdogo wangu. Wewe ungefanyaje?"

"Shemeji Minza alikuwepo?"

"Mfiwa anakaa ndani na wanawake. Hayo alikuja kuyasikia baada ya matanga."

Kwenye gari wakati wa kurudi, wasiwasi wangu ulinifaa kwa mara ya kwanza maishani. Nililinganisha tarehe, nikazirudia mpaka abiria wa jirani akaniuliza kama nimefiwa. Karatasi ilisainiwa siku ya maziko. Kikao cha ukoo kilimpendekeza Minza wiki saba baadaye, na mahakama ikamthibitisha baada ya hapo. Siku ile ya ng'ombe, familia haikuwa na msimamizi. Masunga alisamehe kitu ambacho hakikuwa mikononi mwake kukisamehe.

Niliandika kurasa mbili nikazipeleka kwa Meneja wa Tawi. Nilikuwa nimeamua kwamba sitoki mpaka asome.

"Wewe unalipwa na nani?" akauliza.

"Na kampuni, mzee."

"Sasa mbona unaandika kama wakili wa marehemu?"

"Ili kampuni isije ikaandikiwa na wakili wa marehemu mwenyewe."

Afisa Madai Mkuu, aliyesimama mlangoni, alikohoa kuficha kicheko. Meneja akasoma mpaka mwisho, akafuta neno lake, akaandika: Makao makuu, kwa uamuzi. Jibu lilichukua miezi minne. Dai likakubaliwa.

Minza alipokuja kupokea, nilimwekea mbele fomu ya kukubali fidia, ile inayofunga dai, pamoja na kidau cha wino. Mikono akaiacha mapajani.

"Soma, baba."

Nikasoma.

"Soma tena. Shemeji hakusomewa."

Akaniomba nisome mara ya tatu; katikati akanizuia. "Hapo unaposema sitadai tena. Ni mimi, au na watoto?"

"Na watoto, mama. Wewe unawawekea dole."

"Wako wapi?"

Fomu haikuwa na nafasi yao. Nilimtazama Afisa Madai Mkuu, akanisogezea rula. Nikapiga mistari mitano pembeni, nikaandika majina matano na fungu la kila mmoja. Minza akaweka dole mbele ya kila jina, taratibu, akipuliza wino ukauke kabla ya kwenda kwa linalofuata.

Mama wa Maswa alistaafu miezi michache baadaye, nami nikarithi meza yake. Mkataba wangu umekwisha juzi. Wenzangu wananicheka nikisema nimestaafu kabla ya kufika miaka thelathini. Bado napitia mambo mara nne. Sioni aibu tena, maana kwenye kazi hii karatasi moja iliyosomwa haraka inaweza kuzika watu wawili.

Wewe unayekuja kukaa meza ile, fungua droo ya kulia. Nimekuachia rula na kalamu nyeusi. Fomu bado haina nafasi ya watoto.